Wimbo wa wafungwa katika jubile yetu



Sisi makatekista wa parokia tumeombwa kusema mbele yenu juu ya neno moja lililoleta mabishano katika baraza tangu tulipoanza kutayarisha jubile hii. Neno lenyewe ni hili: je, inafaa wimbo uliotungwa na wafungwa wa gereza la muji wetu uimbwe katika Misa ya jubile? Na kama unaimbwa, majina ya waliotunga yaandikwe katika kitabu cha ukumbusho ao yafichwe? Wamoja wamekubali kwa furaha. Wengine wamekataa waziwazi, na kati yao kuna watu walioumizwa na haohao tunaosema juu yao, kwa hiyo tusiwaite wagumu wa moyo. Hatukuja hapa kukata shauri, kwani shauri ni la baraza pamoja na Baba Paroko. Tumekuja kueleza mambo yaliyofanyika pahali pengine, na yale tunayoyaona sisi wenyewe ku gereza kila siku ya Mungu, kusudi kila mumoja apate kuwaza kwa akili yake.

Tuanze na neno jubile. Katika kitabu cha Walawi, sura ya 25, tunasoma kwamba mwaka wa makumi tano baragumu inapigwa katika inchi yote, mashamba yanarudia wenyewe, na mutu aliyejiuza kwa sababu ya umaskini anarudi kwa jamaa yake. Siku ile Yezu aliposimama katika sinagogi la Nazareti na kufungua kitabu cha nabii Isaya, alisoma pahali panaposemwa habari ya kufunguliwa kwa wafungwa na ya mwaka wa neema. Mambo haya mawili yanakaa katika masomo yaleyale. Ndiyo sababu Baba Mutakatifu Fransisko, alipofungua Mulango Mutakatifu wa basilika ya Mutakatifu Petro tarehe 24 desemba 2024, alingoja siku mbili tu, kiisha akaenda kufungua mulango mwingine katika gereza la Rebibbia, kulekule Roma.

Tena kuna habari ya Paulo na Sila katika muji wa Filipi, nanyi munaijua vizuri, Matendo ya Mitume sura ya 16. Migongo yao ilikuwa imepigwa kwa fimbo, miguu yao imefungwa katika miti, na usiku wa manane wakaanza kumwimbia Mungu. Mutakatifu Luka hakusahau kuandika kwamba wafungwa wengine walikuwa wakiwasikiliza. Sisi watu wa korali, tunaozoea kufika ku gereza na gitari na vitabu vyetu, tunapashwa kuona neno hili: wimbo ule haukuletwa na wageni. Ulitoka ndani ya chumba chenyewe, na mulinzi alikuwa amelala.

Munajua desturi yetu tangu zamani. Tunafika, kapita wa wafungwa anawapanga katika kiwanja, tunaimba, wanapiga makofi, tunasali pamoja, tunaacha sabuni na unga, kiisha tunarudi. Kazi ile ni nzuri, na hatutaiacha, kwani mutu mwenye njaa anahitaji unga mbele ya wimbo. Lakini katika desturi ile sisi tunatoa na wao wanapokea, kila mara vilevile. Swali linalokuwa mbele yetu leo ni lingine: kutunga nao, kuchora nao, kuimba nao, hata kazi iwe ya pande mbili na ibaki na alama ya mikono yao na ya mikono yetu.

Tutoe mufano wa Afrika kwanza. Katika inchi ya Malawi, ku muji wa Zomba, kuna gereza kubwa la zamani la matofali, lililojengwa kwa watu karibu 340. Lakini ndani yake waliwekwa watu karibu 2000. Mwaka 2013 Mumarekani mumoja, Ian Brennan, mwenye kazi ya kushika sauti za waimbaji kwa mashini, alifika pale na muke wake Marilena Delli, mupiga picha ambaye mama yake ni mutu wa Rwanda. Brennan alikuwa amefanya miaka mingi kazi ya kufundisha watu namna ya kuzuia jeuri. Basi ili apate ruhusa ya kuingia, alitoa mafundisho yale kwa wafungwa na kwa walinzi wao vilevile. Tunapenda njia hiyo. Hakufika kuchota tu sauti za watu kama mutu anayechota maji katika kisima kisicho chake.

Wanaume wa gereza lile walikuwa na kundi la muziki lenye vyombo. Wanawake hawakuwa na vyombo kama wale, na walipoulizwa walijibu kwamba wao si watungaji wa nyimbo. Brennan ameeleza namna ilivyokuwa: walingojewa, hawakusukumwa, mpaka mwanamuke mumoja akajitokeza na wimbo wake mwenyewe, na nyuma yake wengine wakafwata, mumoja mumoja. Ndugu wa korali, wekeni neno hilo katika moyo. Nasi pia tumesikia jibu lile, "sisi hatujui kuimba", katika kiwanja kidogo cha wanawake ku gereza letu, na tumeona kwamba maana yake mara nyingi ni "hakuna aliyetuomba kuimba mbele ya leo".

Mwaka 2015 nyimbo 20 za Zomba zilitoka katika diski iitwayo I Have No Everything Here. Nyingi ni katika lugha ya Chichewa, na walioimba ni wafungwa na walinzi, wote katika diski moja. Nyimbo zenyewe zina majina ya waliozitunga na kuziimba. Mwisho wa mwaka ule diski ile iliitwa kati ya zile zinazoshindania zawadi ya Grammy kule Marekani, neno ambalo halijapata kutokea kwa kazi ya watu wa Malawi. Zawadi yenyewe, mwezi wa pili wa mwaka 2016, ilikwenda kwa Angélique Kidjo wa Benin. Watu wa magazeti walisema sana juu ya zawadi ile. Sisi tunaona kwamba jambo kubwa zaidi ni lile ambalo magazeti yaliandika kwa mistari michache: sehemu ya mapato ilisaidia kulipa avoka, na wanawake wamoja wakapata kufunguliwa. Kwa mutu anayengoja miaka bila mutu wa kumutetea, wimbo uliomuletea avoka umefanya kazi kuliko makofi.

Kule Italia mifano ni mingi, tutapita haraka. Mwaka 2012 wandugu wawili, Paolo na Vittorio Taviani, walitoa sinema waliyoitengeneza na wafungwa wa Rebibbia, ambao walicheza teatri ya Shakespeare juu ya kifo cha Julius Caesar. Sinema ile ilipata Dubu ya Zahabu kule Berlin. Mumoja kati ya wachezaji anaonyesha mwishoni kwamba, tangu alipojua sanaa, chumba chake ndipo kimekuwa gereza kweli. Tuwaze juu ya hilo, sisi tunaosema kwa wepesi kwamba muziki unatuliza. Unaweza pia kumuamusha mutu, na mutu aliyeamuka anasikia maumivu.

Ku gereza la Opera, karibu na Milano, wafungwa wamefundishwa na mafundi kutengeneza violoni kwa mbao za mashua zilizovunjika, zile zinazoleta watu maskini toka Afrika mpaka kisiwa cha Lampedusa. Tarehe 12 februari 2024 vyombo vile vilipigwa katika nyumba kubwa ya muziki ya Milano inayoitwa La Scala. Mbao ile ilibeba watu juu ya maji, kiisha ikapita katika mikono ya watu waliofungwa. Seremala wa parokia yetu, tulipomueleza, aliuliza tu kama mbao ya chumvi haipasuki. Hatukujua kumujibu.

Mwaka uleule wa 2024, katika maonyesho makubwa ya sanaa ya Venezia, Vatikano haikupanga jumba la fahari. Iliweka kazi zake ndani ya gereza la wanawake la kisiwa cha Giudecca, nyumba iliyokuwa zamani ya watawa. Mugeni alipashwa kuacha simu yake ku mulango, na wafungwa wenyewe ndio walioongoza wageni na kueleza kazi zile. Mwanamuke mumoja wa kazi ya sanaa, Simone Fattal, alichukua maandiko ya wafungwa akayaandika juu ya mawe ya lava. Mwingine, Claire Tabouret, alichora sanamu kwa kufwata picha za utoto ambazo wafungwa walimupa. Tarehe 28 aprili 2024 Baba Mutakatifu Fransisko alifika pale. Hakuna Papa aliyepata kufika katika maonyesho yale mbele yake.

Sasa tufike ku mufano ambao kwetu unapita yote, kwani unajibu mabishano yetu wenyewe. Mutakumbuka Siku ya Tano Takatifu ya mwaka 2020, tarehe 10 aprili, wakati wa ugonjwa wa Korona, namna Njia ya Musalaba ilifanyika katika kiwanja cha Mutakatifu Petro kisicho na watu. Mafikiri ya vituo 14 yaliandikwa na watu wa gereza la Due Palazzi, katika muji wa Padova. Padri wa gereza lile, Marco Pozza, aliyakusanya pamoja na mwanamuke anayejitolea kusaidia kule. Lakini angalieni vizuri ni nani walioandika. Wafungwa walikuwa watano tu. Wengine walikuwa mama wa mufungwa, binti wa mutu aliyehukumiwa kifungo cha maisha, mulinzi wa gereza, zuzi, mwalimu, padri aliyeshitakiwa miaka nane, kiisha ikaonekana hana kosa, na katekista mumoja, mwenzetu. Tena kati yao kulikuwa wazazi wa binti aliyeuawa.

Wazazi wale hawakuombwa kunyamaza ili wafungwa wapate kusema. Walipewa kituo chao, na sauti yao ilisomwa mbele ya dunia yote katika sala ileile, pamoja na sauti za wale waliomwanga damu. Sisi tunawaza kwamba pale Eklezia ilifanya kazi yake vizuri sana. Kama wangealikwa wafungwa peke yao, sala ile ingekuwa na kitu kinachopungua, na walioumizwa wangekuwa na haki ya kuuliza: je, Mama Eklezia anakumbuka mutoto mumoja na kumusahau mwingine?

Tuje basi kwetu. Wimbo tunaobishana juu yake ulianza katika wakati wa Kwaresima. Tulikuwa tukifundisha kusoma noti kwa njia ya do-re-mi, namna ileile tuliyofundishwa sisi zamani ku seminari ndogo na padri muzee mwenye fimbo ndefu, ila kule ku gereza hatuna harmonium wala ubao. Ngoma yetu ni bidoni, na noti tunaziandika kwa makaa ku ukuta, kwa ruhusa ya mukubwa wa gereza. Wanaume walitunga beti la kwanza, wakimuomba Mungu awafungulie mulango. Tulipowapelekea wanawake beti lile, mama mumoja, mwenye mutoto ku mugongo, alilikataa. Alisema mulango unafunguliwa na tribinali. Kwa Mungu yeye anaomba kitu kingine, kwamba kule nyumbani wasisahau jina lake. Walibishana kwa njia yetu, wiki tatu, sisi tukibeba maneno toka kiwanja kimoja mpaka kingine. Mwisho mabeti yakawa mawili, na lile la wanawake ndilo linalorudiliwa. Mwanafunzi wa korali yetu alitia sauti ya tatu. Ndivyo wimbo ulivyo wa pande mbili kweli, hata hatuwezi tena kusema mustari huu ni wa nani.

Munaona sasa kwamba swali la majina si neno dogo la kuandika tu. Limekuwa ndani ya wimbo.

Wanaokataa majina wana sababu mbili. Ya kwanza ni haya ya jamaa: kitabu cha jubile kitawekwa katika nyumba, watoto watakisoma. Ya pili ni maumivu ya walioumizwa. Juu ya sababu ya kwanza tunasema hivi: katika inchi yetu, sehemu kubwa ya wafungwa hawajahukumiwa. Wanangoja. Gereza la Makala kule Kinshasa lilijengwa kwa watu 1500 na limejazwa mara nyingi kuliko hesabu ile. Tarehe 2 septemba 2024, watu walipojaribu kutoroka, walikufa watu wasiopungua 129, kwa hesabu ya serkali yenyewe. Wangapi kati yao walikuwa wamesimama mbele ya zuzi? Kumuita mutu mwizi ao muuaji mbele ya hukumu ni uongo juu ya jirani, na amri ya nane inaukataza. Kwa hiyo kila mufungwa aulizwe yeye mwenyewe kama anataka jina lake lionekane. Tumeanza kuuliza. Kati ya watu kumi na wanane walioimba, kumi na mumoja wanataka jina lao lote, watano wanataka jina la ubatizo tu, wawili hawataki kitu.

Juu ya sababu ya pili hatuna maneno mengi. Mbele ya kuleta shauri katika baraza, wawili kati yetu tulikwenda kwa mama mumoja wa parokia hii, ambaye munajua kilio chake, ingawa hatutamutaja. Tulimuimbia wimbo polepole, katika nyumba yake. Alinyamaza muda mrefu. Kiisha akauliza: "Katekista, sauti ya ule mutu imo?" Tulimujibu kweli, kwamba imo. Akasema: "Basi muimbe. Siwezi kufunga kinywa cha mutu mbele ya Mungu. Lakini siku ile mimi nitasali Misa ya kwanza, ya asubui, na jina lake lisisomwe pale ninapoweza kulisikia." Tuliondoka bila kupata neno la kumwambia. Hatusemi kwamba amesamehe, wala kwamba hajasamehe; hilo ni lake. Lakini hatungependa jubile ya parokia imuondoe yeye katika Misa kubwa ili iingize wengine. Kwa hiyo tumeomba baraza lipeleke mufano wa Padova mbele yake na mbele ya jamaa nyingine kama yake: wakitaka, sala ya waamini ya siku ile iwe mikononi mwao, kwa maneno yao wenyewe, bila sisi kuyasahihisha. Na wakikataa, wimbo uimbwe ku gereza, nasi tuende kuusikia kule. Tunajua kwamba vijana wa korali hawatafurahi kusikia hivyo, kwani wamejifunza kwa bidii. Hata hivi ndivyo tunavyoona.

Kuna mambo mengine ya kuangalia, nayo tuyaseme bila kuficha. Waimbaji wasichaguliwe na kapita peke yake, kwani munajua kwamba ku gereza kila kitu kina bei, hata nafasi ya kukaa karibu na mulango. Mutu asilipe ili aimbe. Picha za nyuso zisipigwe. Tumeona wageni wa mashirika fulani wanaofika na vyombo vya picha, wanapiga, wanakwenda, na mufungwa hajui sura yake imekwenda wapi. Feza za kitabu na za diski, kama zitakuwapo, zihesabiwe mbele ya wajumbe wa pande zote mbili, na sehemu yao itumiwe kwa avoka na kwa dawa, si kwa vitu vya sakristia. Tena tusimuahidi mutu kwamba kwa kuimba vizuri atafunguliwa. Wamoja wanatumaini hivyo kwa siri, na tunaona katika macho yao; inafaa kuwaambia kweli mapema, hata kama sauti moja ao mbili zitapotea.

Baraza litakaa siku ya ine inayokuja, nyuma ya Misa ya jioni. Mbele ya siku ile, kila mutu mwenye neno, la kukubali ao la kukataa, alilete kwa katekista wa shirika lake, kwa kinywa ao kwa barua, na jina lake halitatajwa kama hapendi. Mukubwa wa gereza ametoa ruhusa kwa watu kumi wa korali kwa mazoezi ya siku ya posho. Wafike saa mbili ya asubui, kila mumoja na karte yake, na simu ziachwe nyumbani. Beti la wanawake limeandikwa ku karatasi zinazokuwa ku mulango wa sakristia kwa wale wanaotaka kujifunza. Mama mwenye mutoto ku mugongo ameomba pia nguo ya mutoto mwenye mwezi wa saba, masista wanapokea.